Jabali Mwenye Kichwa Kikubwa

4 Februari

Mdogo wangu Chiriku,

Salamu nyingi kutoka huku. Mimi sijambo. Wifi yako hajambo, goti lake limetulia. Binti ameng'oka meno mawili ya mbele na sasa anaongea kwa kupuliza, lakini hajapunguza maneno. Nawe je? Kile kikohozi cha vumbi la studio kimekwisha?

Utauliza mbona sikupiga simu. Unanijua. Kwenye simu tunaanza na habari za asubuhi tunaishia kugombana. Barua naweza kuisoma kabla haijanitoka.

Neno lenyewe ni hili. Juzi Jumatatu karani wa wodi ya watoto alikuja stoo kuchukua shuka arobaini, akaniambia amesoma gazetini kwamba Jabali anarudi. Nilikuwa nahesabu foronya. Nikapoteza hesabu, jambo ambalo halijanitokea tangu nianze kazi katika hospitali hii. Akaendelea kunieleza kwamba yule shujaa wa katuni ametengenezwa upya, vipindi vipya, rangi mpya, na ataingizwa sauti kwa lugha yetu kama zamani. Hakujua anamwambia nani, nami sikumwambia. Nilijaza fomu, nikampa shuka zake.

Nilikuwa Jabali kwa miaka tisa, vipindi mia mbili na nane. Nimefungua madaftari yangu kuhakikisha, na kila siku ya kurekodi imo: tarehe, idadi ya mistari, nilirudia mara ngapi. Nikitoka kununua mkate watoto walikuwa wakinizunguka wanaomba niseme yale maneno, "Mimi nipo, mji ulale." Nikiyasema, wengine walikimbia. Sasa ni mwaka wa tatu tangu vipindi viishe na nije huku, na hakuna aliyeniomba niseme kitu chochote isipokuwa idadi.

Wewe bado uko pale unahesabu midomo, unaweka vile vistari juu ya maneno ya muswada ili msomaji ajue mdomo wa katuni unafunguka wapi na unafumba wapi. Kazi hiyo nilikufundisha mimi. Basi naomba unitaje kwa mwongozaji wetu. Kama bado anaongoza kwa kidole kimoja, juu umepita, chini rudia, basi hajabadilika, na huyo Kidole wetu ananijua. Usimbembeleze. Mtajie tu kwamba nipo. Nimeanza kusukutua kwa maji ya chumvi asubuhi na jioni, na ile sauti ya chini nimeikuta pale pale nilipoiacha.

Nasubiri jibu.

Kaka yako


19 Februari

Kaka,

Shikamoo. Barua yako ilifika tarehe 11 nami najibu leo, kwa hiyo usianze kuuliza ilikaa wapi. Ilikaa kwenye mkoba wangu. Kikohozi kimekwisha. Msalimie wifi, na mwambie binti asiyatupe hayo meno, nataka kuyaona.

Ni kweli Jabali anarudi, lakini kaa chini kwanza. Si yule. Yule wako alikuwa mrefu, taya kama droo ya kabati, amefiwa na baba, anasimama juu ya ghorofa na mvua inamnyeshea dakika nzima hasemi kitu. Huyu wa sasa ni wa kuchekesha. Amefupishwa mpaka anafika kiunoni pa watu. Ana kichwa kama tangi la maji na miguu kama njiti za kiberiti. Joho lake linanaswa na mlango wa lifti kila kipindi. Kipindi cha kwanza chote anapigana na kopo la jemu lisilotaka kufunguka, na nyuma yake mji unaungua. Yule Mfalme wa Vumbi, adui uliyekuwa ukimtetemesha kwa kumnong'oneza, sasa ni jirani yake, na wanagombania kamba ya kuanikia nguo. Yale maneno yako yapo, ila yameongezewa mkia. Anasema, "Mimi nipo, mji ulale, ila mniachie taa."

Naiona sura uliyokunja hapo.

Nilikutaja. Kidole akasema sauti yako ni ya msibani na hii ni harusi. Hakusema kwa ubaya, alisema kama anavyosema mtu aliyepima nguo akaona haimtoshi. Watu kumi walijaribiwa, mmoja akapatikana, na wiki iliyopita kazi ilianza.

Barua hii nimeiandika mara tatu. Mara mbili za kwanza niliishia hapo nikaweka jina langu. Nikawaza utakavyokaa mbele ya runinga siku ya kwanza, mbele ya mkeo na mwanao, na utakavyosikia. Afadhali usikie kwangu.

Sauti ya Jabali ni mimi.

Mdogo wako,
Chiriku


26 Februari

Kwa mdogo wangu,

Habari za huko. Huku ni wazima. Barua ya tarehe 19 imepokelewa leo saa nne asubuhi.

Hongera. Ni nafasi nzuri kwa mtu aliyezoea kukaa nyuma ya kioo. Litunze koo.

Jabali ni mwanamume. Nimeona niseme hilo tu.

Hadi mwisho wa Machi tunahesabu mali yote ya stoo, kwa hiyo usitegemee barua.

Mtunza stoo


10 Aprili

Kaka,

Shikamoo. Nategemea wote mko salama. Nategemea pia hesabu ya stoo imekwisha, maana naona ulipata nafasi ya kuhesabu na mengine.

Kuna barua imekuja studio. Imepigwa chapa, kurasa nne, na imesainiwa "Mzazi Mwenye Uchungu". Nakala moja kwa Kidole, nakala nyingine kwa wakubwa wa kituo ghorofa ya juu. Kidole aliisoma kwa sauti wakati wa chai. Mstari wa kwanza unasema mzazi huyu ni mtazamaji wa kawaida asiye na utaalamu wowote. Mstari wa pili unasema kwamba katika kipindi cha tatu, dakika ya sita na sekunde kumi na moja, mdomo umefumba lakini sauti imeendelea kwa irabu mbili. Fundi wa sauti alitema chai. Niambie wewe, ni mzazi gani huyo anayehesabu irabu na jiko linawaka? Kidole akaiweka karatasi mezani akasema, "Mkubwa wetu hajambo," kwa lile jina lako la studio. Akacheka, kisha akaniona uso, akaacha.

Makosa kumi na tisa, kila moja na dakika yake. Nikwambie ukweli, kumi na saba ni makosa kweli. Tumeyarekebisha kwenye vipindi vinavyofuata. Kidole ameibandika orodha ukutani karibu na kipaza sauti, kwa hiyo kila asubuhi nasimama uso kwa uso na uchungu wako wa mzazi.

Lakini ukurasa wa nne hauna dakika wala sekunde. Ukurasa wa nne unasema sauti hii ni ya kuazima, haina kifua, na kituo kitawafanyia watoto hisani kikiiondoa kabla hawajaizoea. Wakubwa wa juu hawajui irabu, wala hawamjui mzazi. Wanachojua ni kwamba mzazi amelalamika. Mkataba wangu ni wa vipindi kumi na tatu, na wiki hii walikuwa waniongezee. Sasa wanasema bado wanafikiria.

Ungenipigia simu ukanitukana ningekujibu, tungepigiana kelele, tungemaliza. Wewe ukakaa kwenye mashine ya chapa ya hospitali ukajificha nyuma ya jina la mzazi.

Wifi aliniambia kwamba mnaangalia kila Jumamosi na binti anacheka mpaka anakosa pumzi. Nilikuwa nimefurahi.

Chiriku


18 Aprili

Mdogo wangu,

Sijui kama nina haki ya kukuulizia hali yako, lakini nauliza. Sisi tupo.

Nilianza barua ya kukataa. Nilipofika mstari wa nne nikaona inasomeka kama ile ile ya mzazi, nikaichana. Ni mimi. Nakunakilia kutoka kwenye daftari langu, kwa sababu nikijieleza upya nitajipendelea.

"7 Machi. Kipindi cha kwanza, saa kumi na moja na nusu jioni. Nimekaa kiti cha mlangoni kana kwamba napita. Chiriku amekosa midomo mara nne. Nimefurahi."

"14 Machi. Makosa matano. Katikati nimesahau kuhesabu kwa muda wa dakika mbili. Nimechukia."

"21 Machi. Makosa matano. Binti ameanguka kutoka kwenye kochi kwa kucheka. Mimi nilipokuwa Jabali alikuwa akijificha nyuma ya mama yake."

"28 Machi. Makosa matano. Jabali alikuwa anatafuta miwani, na miwani iko kichwani kwake. Anaifokea meza, anafokea zulia. Binti akanigeukia akasema, 'Baba, huyu si wewe ukitafuta funguo?' Mama yake akaondoka haraka kwenda jikoni. Nimemsikia akicheka ndani ya sufuria."

Barua ile niliiandika Jumatatu yake.

Wewe unadhani nimekasirika kwa sababu umepata nafasi. Hilo lipo, silikatai. Lakini zaidi ya nafasi umenichukua mimi. Umenitoa nyumbani kwangu, ukanikata miguu, ukanipa kichwa cha tangi, ukanisimamisha mbele ya watu. Ile sauti inayopanda mwishoni mpaka inapasuka ni yangu. Ni ya ndani ya nyumba. Kwa miaka tisa sikuiruhusu hata mara moja ifike kwenye kipaza sauti, na wewe ndiyo kwanza umeanzia hapo. Ungeniomba.

Nisingekubali. Lakini ungeniomba.

Wivu ninao. Nimeutafutia jina lingine wiki nzima, sikupata.

Kaka yako


2 Mei

Kaka,

Shikamoo. Mimi ni mzima, usingizi ndio haba.

Ndiyo, ni wewe. Wala sikupanga. Siku ile ya majaribio mtu wa kumi hakutokea, Kidole akanivuta kutoka nyuma ya kioo nijaze nafasi. Nikasoma kama mimi mwenyewe. Chini. Nikasoma kama wewe wa zamani, kwa kifua. Chini, na fundi akapiga mwayo. Basi nikakumbuka ile asubuhi ya mtihani wako wa kidato cha nne, ulipogombana na mwavuli. Uliufungulia ndani, mwavuli ukakataa kufungika, wewe ukataka kutoka nao hivyo hivyo ukakwama mlangoni. Ukawa unauambia, na sauti inapanda, "Mimi ni mtu wa utaratibu, nakwambia, mimi ni mtu wa utaratibu." Nikasoma ile sehemu ya kopo la jemu kama ulivyousemesha mwavuli. Fundi akalaza kichwa mezani. Kidole akainua kidole, kisha akainua na cha pili, jambo ambalo mimi na wewe hatujawahi kuliona.

Na mimi nikupe langu, kwa kuwa umenifungulia daftari. Miaka tisa nilikaa nyuma ya kioo nikiweka vistari juu ya maneno yako. Nilijua kila mstari kabla hujaufikia. Ulipopata mafua nilimwomba Kidole angalau nisome zile kelele za watu wanaokimbia barabarani. Akaniambia tumsubiri mkubwa apone. Ulipopona ukaniambia mbele ya wote, "Chiriku, vistari vyako leo vimekaa ovyo." Nilikuonea wivu mpaka nikawa nafurahi nikikusikia unakohoa. Tofauti yetu ni kwamba mimi sikumwandikia mtu barua.

Sasa habari yenyewe. Wakubwa wameamua, na wametaka nikuandikie mimi. Kipindi cha kumi na nne, Jabali wa zamani, yule mrefu, anatoka kwenye picha ukutani anakutana na huyu mfupi. Wanakutaka wewe usome yule mrefu. Halafu, kwa kuwa mzazi alilalamika na Kidole amewaambia mzazi ni nani, wanataka ujaribiwe na kwa yule mfupi. Ukiweza wote wawili, kazi yote ni yako kuanzia kipindi hicho na mimi narudi kwenye vistari, au popote. Jumatano, tarehe 20, saa tatu asubuhi.

Sikwambii usije. Sikwambii uje. Muswada umo humu ndani. Vistari nimeviweka mwenyewe, na havikukaa ovyo.

Mdogo wako,
Chiriku


9 Mei

Mdogo wangu,

Salamu. Tupo salama, na natumaini umeanza kulala.

Nitakuja. Ningeweza kukuandikia kwamba naja kwa ajili ya yule mrefu tu. Ingekuwa uongo, na wewe ungeujua. Miaka mitatu nimeitamani kazi hii nikiwa katikati ya marobota ya shuka. Nikisema siitaki, nitakuwa nakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa.

Vistari ni safi. Sijaona hata kimoja cha kusogeza.

Kaka yako


23 Mei

Mdogo wangu,

Unaendeleaje? Nilikutafuta. Mlinzi aliniambia ulifika saa mbili, ukaweka maji na muswada wa ziada pale kwenye kimeza, ukaondoka. Maji niliyanywa. Asante.

Nakueleza yote kwa mpangilio.

Yule mrefu nilimsoma kwanza. Mistari thelathini na miwili, sikurudia hata mmoja. Nilipovua hedifoni fundi alikuwa amesimama. Kama ningekuwa mtu mwenye busara ningeaga hapo.

Kisha mfupi. Nilikuiga wewe. Kidole chini. Nikakuiga kwa nguvu zaidi. Chini. Nimeandika idadi: mara kumi na nne. Mwishoni akabonyeza kile kitufe cha kuongea na mtu aliye ndani, akasema, "Mkubwa, unamwigiza dada yako. Dada yako pale ndani hamwigizi mtu." Nikamjibu kwamba nimefika saa tatu kasoro dakika ishirini, muswada nimeujua kwa moyo, koo nimelisukutua, na sikuja kulinganishwa na mtu niliyemfundisha mwenyewe kushika kalamu. Kadiri nilivyosema ndivyo nilivyosikia sauti inapanda, na nikataka kuishusha ikakataa. Fundi aliangusha hedifoni. Kidole kikapanda juu. "Hiyo hiyo," akasema, "usiiachie." Nikaisoma mistari yote kwa hasira ile ile, ya kweli, na waliokuwa nyuma ya kioo walicheka mpaka wakashikana mabega. Hatimaye vidole viwili.

Mama mmoja wa ghorofa ya juu alikuwepo. Akaniuliza naweza kuanza lini.

Njia nzima ya kurudi nilikuwa natafuta namna ya kuandika mstari huu. Nilimwambia Jumatatu.

Hakuniuliza habari zako. Na mimi sikumtajia. Hilo nalo niliandike, lisije likapotea.

Kaka yako


1 Juni

Kaka,

Shikamoo. Salamu kwa wifi na binti.

Nilijua kabla ya barua yako. Fundi alinipigia siku ile ile, akawa anazunguka zunguka na habari za hali ya hewa, nikamwambia sema tu. Hasira ilinishika siku nne, nikaosha kila kilichoosheka nyumbani. Imekwisha, au imechoka.

Kwenye vistari sirudi. Vitu vyangu nimeviondoa.

Nakuachia jambo moja. Wewe unadhani Jabali ana hasira. Hana. Anaogopa. Anaogopa kopo la jemu litamshinda na watu wataona. Asubuhi ile ya mwavuli hukuwa na hasira hata kidogo, ulikuwa unaogopa mtihani. Nilikuwa na miaka tisa, nimesimama nyuma yako na mkoba wako mkononi, niliona shingo yako. Hata funguo ni hivyo hivyo, unaogopa kuchelewa. Mimi kila nilipomsoma Jabali nilikuwa namwonea huruma, ndiyo maana wakacheka. Ukimpa hasira watacheka wiki mbili tatu, basi.

Sikwambii haya kwa ajili yako. Ni kwa ajili yake, maana nilikuwa nimempenda.

Usiniandikie mpaka nikuandikie.

Mdogo wako


5 Septemba

Kaka,

Shikamoo. Habari za miezi yote hii? Mimi ni mzima, nimenenepa kidogo, na kikohozi kimerudi, kwa hiyo ujue nina kazi.

Nimepata kituo kingine, kile cha ng'ambo ya barabara kuu. Wana katuni yao mpya. Mimi ni bata. Bata huyo ni askari wa barabarani, anasimama katikati ya njia panda na kofia inayomfunika macho, anaongoza magari. Nilijaribiwa pamoja na wanaume sita wenye vifua. Kwa mara ya kwanza maishani nilimsoma mtu ambaye hukumsoma wewe kabla yangu.

Tunaanza Jumamosi ijayo, saa kumi na moja na nusu jioni. Ndiyo, saa ile ile. Si mimi niliyepanga. Ila waliponiambia nilifurahi, na kwa kuwa siku hizi tunaambiana kila kitu, nakuandikia na hilo.

Umeruhusiwa kujibu.

Mdogo wako,
Chiriku


4 Oktoba

Mdogo wangu Chiriku,

Salamu nyingi. Wifi yako hajambo, goti limerudia kidogo kwa sababu ya ngazi. Binti ameota meno yote mawili na yamezidi mdomo. Mimi siku za kazi nalala chumba cha kupanga karibu na studio, Ijumaa narudi nyumbani. Stoo wameweka mtu mwingine, nasikia foronya hazijawahi kutimia. Pole na kikohozi. Asante kwa ruhusa ya kuandika.

Nimesoma vipindi kumi na nane. Cha kwanza walicheka, cha pili walicheka. Cha tatu binti aliangalia mpaka mwisho, akaniuliza, "Baba, leo Jabali amekasirika na nani?" Nikamwambia amekasirika na lifti. Akasema, "Lifti imemfanya nini?" Wiki zilizofuata alikuwa anaangalia huku anachora, kisha akawa anachora tu.

Jumamosi ya tarehe 12 nilikaa kwenye kochi kabisa, si kiti cha mlangoni. Saa kumi na moja na nusu kamili wimbo wangu ulipoanza, binti aliinuka akabadilisha kituo kwa mkono wake. Hakuniuliza. Wala hakufanya kwa ubaya, alifanya kama mtu anayefungua dirisha. Mama yake akaniangalia. Nikamwambia amwache.

Bata wako alitoka akainua bawa. Hakuna gari lililosimama. Akarekebisha kofia, akainua bawa lingine. Likapita lori. Akaliambia lile lori, kwa sauti ya chini, kwa adabu kabisa, "Samahani, nilikuwa naanza tu." Nilicheka, Chiriku. Kicheko kilinitoka kabla sijakizuia, na wivu ukiwa umenikaa hapa kifuani kama mfupa. Binti alinigeukia kwa mshangao, maana hakuwahi kunisikia nikicheka mbele ya runinga. Tangu siku hiyo tunamwangalia bata kila Jumamosi, wote watatu.

Studio mambo si mazuri. Jumatatu Kidole alishusha kidole mara kumi na moja kwa mstari mmoja. Hakunisema. Alitoka nje ya chumba chake, akakaa karibu yangu, akaniambia, "Mkubwa, hasira unayo ya kutosha mji mzima. Nyingine huna?" Wakubwa wameanza kukutaja. Nimewaambia hutarudi, na nisingependa urudi, kwa sababu bata ni bora kuliko Jabali. Nimeyasema hayo kwa mdomo wangu, mbele ya mashahidi, na sikufurahia.

Nimejaribu kuogopa kama ulivyoniandikia. Nasimama pale, nafumba macho, natafuta. Nikiikaribia hofu yenyewe, inageuka inakuwa hasira, na naisikia inavyogeuka. Inaelekea nimefanya hivyo miaka yote bila kujijua, na sijui kuizuia katikati ya njia. Wewe unajua. Sikuwahi kukuuliza kitu cha kazi hata siku moja, nilikuwa nakwambia tu. Sasa nauliza.

Nadhani yule bata anaogopa kwamba magari yatapita yote mpaka jioni kana kwamba hakuna mtu amesimama pale. Kama ni hivyo, namfahamu vizuri, na ningependa uniambie unafanyaje ili asipige kelele.

Kama nimekosea, niambie anaogopa nini.

Kaka yako